Leseni ya Mbwa

Mwaka 1931 mkulima Msotho aliyeitwa Kas Maine alitozwa faini ya shilingi 5 kwa kukosa leseni ya mbwa. Aliishi tangu 1894 hadi 1985, lakini ukifuata nyaraka za serikali ya Afrika Kusini peke yake, zaidi ya faini hiyo ni kama hakuwahi kuwapo. Charles van Onselen, wakati huo akiwa Chuo Kikuu cha Witwatersrand, Johannesburg, aliandika juu yake kitabu cha zaidi ya kurasa 600, The Seed Is Mine, kilichotoka 1996.

Badala ya nyaraka palikuwa na mzee mwenye kumbukumbu kali, na watu waliojua kumsikiliza. Sehemu kubwa ya mahojiano ilifanywa na Thomas Nkadimeng, na kwangu mimi kila anayekisifu kitabu hiki amtaje na yeye.

Kas alilima mashamba ya Wazungu kwa kugawana mavuno, utaratibu ambao Sheria ya Ardhi ya 1913 iliupiga vita. Alihama shamba hadi shamba na familia yake na mifugo yake, na maisha yake kitabuni yanafuata njia hiyo hiyo: alikuwa kwa nani, walipatana nini, alivuna magunia mangapi, kwa nini aliondoka. Bei za ng'ombe na masharti ya mgao aliyakumbuka barabara. Ya moyoni yalitoka kwa shida, kwa hiyo wakaulizwa wake zake na watoto. Kisha watafiti wakabisha hodi hata kwa familia za wale wenye mashamba, wasikie msimu ule ule ukisimuliwa kutoka upande wa pili wa mzani. Hapo ndipo ninapouona ufundi wenyewe: neno la mzee linaheshimiwa kiasi cha kupimwa.

Wala Van Onselen hakumpaka mafuta. Kas tunayekutana naye ni mkulima hodari, fundi viatu na mganga wa mitishamba. Ni baba mkali pia, aliyetaka nguvu za wanawe zibaki shambani kwake, nao wakagombana naye kwa sababu hiyo.