Baba Asiyelia: Habari za Chishu Ryu, Mchezaji wa Sinema wa Japani

Wako watu wasemao kwamba mchezaji hodari wa sinema ni yule awezaye kugeuka kila siku: leo mfalme, kesho mwizi, kesho kutwa mwendawazimu. Kwa kipimo hicho Chishu Ryu wa Japani hakuwa hodari hata kidogo. Kwa muda wa miaka zaidi ya sitini alionekana katika picha za sinema zaidi ya 160, na katika michezo ya televisheni ipatayo 70. Na katika zile zilizompa sifa ni mtu yule yule: baba mpole, au mwalimu, au mzee, asemaye polepole na kutabasamu kidogo. Hata matamshi ya kwao Kumamoto hakuyaacha mpaka kufa. Walakini mimi nasema kwamba kipimo hicho ni kibovu, na sababu zangu ni hizi zifuatazo.

Ryu alizaliwa tarehe 13 Mei 1904, katika kijiji cha mkoa wa Kumamoto, kisiwani Kyushu, upande wa kusini wa Japani. Baba yake alikuwa kuhani wa hekalu la dini ya Budha, na ilitazamiwa kwamba mwana atairithi kazi hiyo. Akapelekwa Tokyo kusoma katika chuo kikuu cha Toyo, lakini mwaka wa 1925 aliacha masomo akaingia katika kampuni ya sinema iitwayo Shochiku. Baba yake alipofariki alirudi nyumbani akalitumikia hekalu kwa muda mfupi. Kisha akamwachia ndugu yake kazi ile, akarejea Tokyo. Huko hakupokewa kwa shangwe. Kwa karibu miaka kumi alipewa vijinafasi tu, vya kupita mlangoni au kusimama nyuma ya wakubwa.

Aliyemtambua ni mwongozaji wa picha, Yasujiro Ozu. Mwaka wa 1936, katika picha iitwayo Hitori Musuko, yaani “Mwana wa Pekee,” Ozu alimpa kazi ya mwalimu wa kijijini ahamiaye Tokyo kwa matumaini makubwa, naye aishia kuuza vipande vya nyama ya nguruwe vya kukaanga. Ryu alikuwa na miaka 32 tu, na mwalimu yule si kijana. Tangu hapo akawa mzee wa sinema kabla ya mvi zake mwenyewe kuota.

Miaka sita baadaye, mwaka wa 1942, alicheza kwa mara ya kwanza kama mtu mkuu wa picha ya Ozu: Chichi Ariki, yaani “Palikuwa na Baba.” Nitaieleza kwa kirefu kidogo, maana hapa ndipo lilipo jambo langu.

Mwalimu Horikawa ni mjane mwenye mtoto mmoja wa kiume. Anawapeleka wanafunzi wake safari. Baadhi yao wanaingia ziwani kwa mashua bila ruhusa, mashua inapinduka, na kijana mmoja anakufa maji. Watu hawamlaumu mwalimu, lakini yeye ajilaumu. Aiacha kazi ya ualimu, asema hawezi tena kuchukua dhamana ya watoto wa watu. Kisha, ili apate fedha za kumsomesha mwanawe, amwacha katika bweni la shule, naye aenda Tokyo kutafuta kazi. Miaka yapita. Mtoto akua, awa mwalimu yeye pia, mbali kaskazini. Siku moja amwambia baba yake kwamba ataka kuacha kazi aje wakae pamoja. Baba amkatalia: kazi ni wajibu, na wajibu hautupwi. Mwishowe wapata siku chache tu za kuwa pamoja, kisha baba augua na kufa.

Nilipoitazama picha hii mara ya kwanza nilikasirika. Mtoto hakuomba mali, aliomba baba. Na habari yenyewe yaonekana kumsifu yule mzazi kwa kukataa. Tusisahau kwamba ilitengenezwa wakati wa vita, wakati serikali ya Japani ilipotaka kila mtu aweke wajibu mbele ya moyo wake. Hiyo ni kasoro ya picha, wala sitaificha.

Lakini niliitazama tena, na mara hii nilimwangalia Ryu peke yake. Baba na mwana wamesimama mtoni wakivua samaki. Wairusha mishipi pamoja, yafuata maji pamoja, waivuta pamoja, warusha tena, kama watu wawili wenye mkono mmoja. Ndipo baba aeleza kwamba itawabidi kuachana. Mtoto asimama kimya, mshipi wake hautupwi tena; na baba aendelea kurusha wa kwake peke yake. Uso wa Ryu haubadiliki, wala machozi hayamtoki. Walakini tangu saa ile mtazamaji ajua kwamba mtu huyu alipa gharama kubwa kwa wajibu wake, na kwamba gharama nyingine amemlipisha mtoto. Maneno ya habari yasema, “Huyu alikuwa baba mwema.” Uso wa mchezaji waongeza neno ambalo mwandishi hakuliandika: “Naye alipungukiwa.” Hapo mchezaji ameipita habari yake. Na tukumbuke kwamba Shuji Sano, aliyemchezea mwana huyo alipokuwa mtu mzima, alizaliwa mwaka wa 1912, yaani alipungua kwa “baba” yake miaka minane tu!

Mwaka wa 1949 ilitoka Banshun. Hapa baba ni msomi mjane, akaa na binti yake, achezwaye na Setsuko Hara. Binti hataki kuolewa kwa kuwa hataki kumwacha baba. Basi baba amdanganya kwamba yeye mwenyewe ataoa tena, ili binti aende kwa moyo huru. Baada ya harusi arudi nyumbani usiku, aketi kitini, aanza kumenya tofaa. Ganda laanguka, kichwa chainama. Basi. Ryu alisimulia baadaye kwamba Ozu alimtaka alie kwa sauti hapo, naye alijibu kwamba hawezi, Ozu hakumshurutisha. Wale wasemao kwamba Ryu alikuwa udongo tu mkononi mwa mfinyanzi na wakumbuke usiku ule wa tofaa. Alikijua kipimo cha uso wake, na mwenye kukijua kipimo chake si udongo.

Kisha, mwaka wa 1953, Tokyo Monogatari, yaani “Hadithi ya Tokyo.” Mzee na mkewe watoka mji wa Onomichi kwenda kuwaona watoto wao Tokyo, na watoto hawana nafasi nao. Mama afa baada ya kurudi nyumbani. Alfajiri ile baba asimama nje, atazama jua likipanda, asema kwamba leo nako kutakuwa na joto. Ryu alikuwa na miaka 49, nasi twaona mtu wa sabini. Si kwa sababu ya kupakwa rangi, ila kwa jinsi aketivyo, ainukavyo, na ageuzavyo shingo.

Basi tulinganishe. Katika picha ya kwanza baba anyamaza, na anayeumia zaidi ni mtoto. Katika ya pili anyamaza, na anayeumia zaidi ni yeye mwenyewe. Katika ya tatu anyamaza ili asiwaaibishe watoto waliomwumiza. Uso ni mmoja, kimya ni tatu. Nani atasema kwamba mtu huyu alijua kucheza jambo moja tu?

Ozu alifariki mwaka wa 1963. Ryu aliendelea, na tangu mwaka wa 1969 alionekana katika picha za mfululizo za Otoko wa Tsurai yo, za mwongozaji Yoji Yamada, akiwa kuhani mzee wa hekalu. Kijana aliyelikimbia joho la baba yake alikuja kulivaa uzeeni mbele ya watu wote, akalivaa mpaka mwaka wa 1992. Alifariki tarehe 16 Machi 1993, mwenye miaka 88.

Wahenga walisema, kimya kingi kina mshindo mkuu. Kwetu pia baba wengi hunyamaza, na sisi walimu tumezoea kuwasifu kwa hilo. Chishu Ryu amenifundisha kuuliza kwanza: je, kimya hiki, ni nani anayekilipia? Kama ni mzazi, na tumheshimu. Kama ni mtoto, basi mzazi huyo na aweke mshipi wake chini, aseme.