Maskini Angoje Mpaka Lini?

Katika elimu ya uchumi kuna wazo moja ambalo wengi wanalisifu, nasi tunataka kulipima. Mwaka wa 1955 Simon Kuznets, mwalimu mkubwa wa Marekani, alitoa maandiko juu ya utajiri wa inchi na mapato ya watu. Alifikiri kwamba inchi ikitoka katika kilimo na kuingia viwandani, kwanza matajiri na maskini wanaachana sana. Kiisha, utajiri ukiendelea, wanakaribiana tena. Mwaka wa 1965 Jeffrey Williamson alilipeleka wazo hilo kwa majimbo: moja litatangulia, mengine yatafuata.

Kuznets alikuwa mtu wa haki. Alikiri mwenyewe kwamba hesabu zake zilikuwa chache, na mengi yalikuwa makisio tu. Kosa ni la wale waliokuja nyuma yake, wakageuza makisio kuwa sheria, wakaambia maskini: ngojeni, zamu yenu itafika.

Tutazame China. Mwaka wa 1980 serikali ilifungua milango ya biashara katika Shenzhen na miji mingine mitatu ya pwani. Mwaka wa 1984 ikaongeza miji 14, yote ya pwani. Matunda yalionekana: mamilioni ya watu walitoka katika ufukara. Lakini mwaka wa 2000, tukigawanya mali iliyotolewa na kila jimbo kwa hesabu ya watu wake, Shanghai ilipita Guizhou, jimbo la milima, zaidi ya mara 10. Vijana wa milimani walishuka pwani kutafuta kazi. Kwa sheria ya uandikishaji ya mwaka wa 1958 walihesabiwa wageni mjini, na watoto wao walipata shule kwa shida. Basi wengi waliachwa kijijini pamoja na bibi zao. Nani atawarudishia miaka ile?

Mtu atatujibu: mwaka wa 2020 Shanghai ilipita Guizhou mara 3 na kitu tu, basi wazo ni la kweli. Hesabu hatuikatai. Lakini nani aliyepunguza tofauti ile? Tangu mwaka wa 2000 serikali ilitia fedha nyingi katika barabara, madaraja na reli za magharibi, na mwaka wa 2006 iliondoa kodi ya kilimo. Tofauti haikupungua yenyewe, ilipunguzwa.

Na pasipo mkono wa kusaidia? Kule India, tangu mwaka wa 1952 hata 1993, serikali ilisawazisha bei ya kusafirisha makaa na chuma inchi nzima. Bihar, iliyokuwa na mali hiyo ardhini wakati ule, ikakosa faida yake, viwanda vikajengwa mbali. Hata leo mapato ya mtu wa Bihar ni karibu theluthi moja tu ya kadiri ya India yote.

Wazee wanasema subira huvuta heri. Wanasema vilevile ngojangoja huumiza matumbo. Anayemwambia maskini angoje, amwonyeshe kwanza barabara inayojengwa.