Kununua Spika: Besi Isikuzuge

Ukiingia duka la spika, muuzaji huweka wimbo wa besi nzito na kufungulia hadi vioo vitetemeke. Hapo umesikia sabufa, spika bado.

Anza na boksi. Masafa ya 20 Hz hadi 20,000 Hz ndiyo anayoyasikia kijana mwenye masikio mazima, ndiyo maana huandikwa hata kwenye spika za bei chee. Namba hizo peke yake hazithibitishi lolote. Tafuta kama zimefuatwa na ±3 dB, yaani ndani ya masafa hayo hakuna sauti inayopanda wala kushuka zaidi ya desibeli 3 kutoka kiwango cha kati. Spika inayoanzia 55 Hz ikiwa na kipimo hicho inaaminika kuliko inayojitapa kwa 20 Hz bila kipimo.

Kisha sikiliza. Chagua wimbo wa dansi unaoujua fika, ulifuate gitaa la besi noti kwa noti. Uzi wake mnene kuliko wote, ukipigwa wazi, hutoa takriban 41 Hz. Kwenye spika mbovu noti moja hunguruma, inayofuata humezwa, na mwisho zote husikika "dum, dum" ileile. Kwenye spika nzuri utaweza kuuimba mwendo wa besi kwa mdomo.

Baada ya besi, sauti za watu. Kati ya 2,000 na 5,000 Hz ndipo sikio letu lilipo jepesi zaidi. Eneo hilo likizidi, sauti ya mwimbaji wa taarabu inachoma; likipungua, unaanza kukisia mashairi. Msikilize pia mtangazaji wa kiume: kifua kikivimba kuliko kawaida, masafa ya 100 hadi 200 Hz yamepigwa jeki.

Unapolinganisha spika mbili, sawazisha kwanza ukubwa wa sauti, kwani iliyo juu kidogo hudhaniwa kuwa bora. Zima busta ya besi na ekwalaiza. Spika isiwekwe konani, maana kuta huongeza besi. Isogezwe kama nusu mita hivi kutoka ukutani.

Muuzaji akikataa kuzima busta au kukupigia wimbo wako, mshukuru, uende duka la pili.