Pasha aliyefufuka na mwenye punda: kuhusu Hadith Isa ibn Hisham

Kumfufua mtawala na kumwacha atembee kati ya watu wasiomwogopa tena ni hila ya zamani katika fasihi. Muhammad al-Muwaylihi, Mmisri, aliitumia katika Hadith Isa ibn Hisham, iliyoanza kutoka kwa sehemu mwaka 1898 katika gazeti la Misbah al-Sharq, ikawa kitabu mwaka 1907. Ahmad Pasha al-Manikli, aliyekuwa waziri wa vita enzi za Muhammad Ali, anatoka kaburini mjini Kairo akiwa na sanda yake, nchi ikiwa chini ya Waingereza waliyoivamia mwaka 1882.

Mshangao wa mzee mbele ya mambo mapya si kiini cha kichekesho. Huo ni mchezo mwepesi. Kiini ni ugomvi wa njiani. Mwenye punda anadai ujira, Pasha anaona dai hilo ni ufidhuli, na jambo la kwanza analolitaka katika uhai wake wa pili ni mtu huyo apigwe. Muda si muda amefikishwa polisi, kisha mahakamani, ambako cheo chake hakimsaidii. Hapo msomaji angeshangilia, kama sheria hiyo isingekuwa imetolewa katika kanuni za Kifaransa na nchi yenyewe kushikwa na Waingereza. Usawa umefika, ila kwa mkono wa mgeni. Acheke nani?

Umbo nalo limefufuliwa. Isa ibn Hisham, msimulizi, ni jina lililochukuliwa kwa al-Hamadhani, bingwa wa maqama katika karne ya 10, pamoja na nathari yake yenye vina. Lugha ya kale inalazimishwa kutaja mawakili na rufani, na mara nyingi ugumu huo unachekesha kuliko Pasha mwenyewe.

Kasoro iko mbele zaidi. Anapofuatwa umda wa kijijini katika starehe za mjini, Pasha amekwisha kuwa mtazamaji mtulivu, karibu mwanafunzi. Hasira yake ndiyo iliyokuwa uhai wa kitabu. Mwenye punda naye, aliyefungua mlango wa kisa chote, ameachwa nyuma.

Toleo la 1927 lilitengenezwa kwa ajili ya shule. Lilipata safari ya Paris, lakini lilipunguzwa baadhi ya maneno makali juu ya masheikh na wakubwa. Mwalimu anayetaka kukifundisha kitabu hiki aanzie katika matoleo ya awali.