George Stoney na swali la nani aione filamu kwanza

Filamu kuhusu sisi huonyeshwa mbali, huku sisi tuko kwenye foleni ya mgao. Ndo maana, kati ya watengenezaji wa filamu za hali halisi ninaowajua, George Stoney ndiye ninayependa kubishana naye. Alikuwa Mzungu wa Kusini mwa Marekani, alizaliwa 1916, akafariki 2012, na kwa miaka mingi alifundisha chuo kikuu New York.

Anzeni na All My Babies ya 1953. Idara ya afya ya jimbo la Georgia ilitaka filamu ya kufundishia wakunga Weusi wa vijijini. Mwingine angesimamisha daktari mbele ya ubao, basi. Stoney alimfuata mkunga mwenyewe, Mary Coley wa mji wa Albany, akamwacha afanye kazi yake mpaka mtoto akazaliwa kweli mbele ya kamera, si maigizo. Coley hana haraka. Anaongea na mama kama mtu na mwanawe, na kamera inamngoja yeye.

Lakini nina neno. Filamu ina nyumba mbili: ya mama nadhifu anayehudhuria kliniki, na ya mama maskini aliyekata tamaa. Nani alichagua huyu awe mfano na yule awe onyo? Kwa maoni yangu, ni mwenye hela. Bango la usafi hapa kambini ni hivyohivyo: mwenye choo anacheka, asiye nacho analia, kana kwamba mbao na saruji ni suala la tabia tu.

Mwaka 1968 Stoney alikwenda Kanada kusimamia Challenge for Change, mpango wa bodi ya filamu ya serikali. Desemba hiyo Wamohawk wa Akwesasne walifunga njia ya daraja la Cornwall, wakikataa kutozwa ushuru wa forodha kwenye ardhi yao. Kamera zilikuwepo, na kikosi kilikuwa na watu wa asili wenyewe, akiwemo Mike Mitchell, Mmohawk. Filamu, You Are on Indian Land, ilitoka 1969. Ila, jamani, miaka mingi ilipita kabla Mitchell hajaandikwa kuwa mwongozaji wake. Kumpa mtu kamera ni jambo moja, kumpa jina ni lingine kabisa.

The Uprising of '34, aliyoifanya na Judith Helfand na Susanne Rostock, ilitoka 1995, naye ana karibu miaka 80. Inahusu mgomo wa viwanda vya nguo. Katika mji wa Honea Path wafanyakazi saba waliuawa kwa risasi, halafu watu wakanyamaza miaka sitini. Wazee wanaongea polepole, wengine bado kwa woga. Sisi tuliotoka tulikotoka hatuhitaji kuelezwa kimya hicho.

Ninachokipenda zaidi katika mpango ule wa Kanada kilianza kabla Stoney hajafika. Mwaka 1967, kisiwani Fogo, Colin Low aliwaonyesha wavuvi picha zao kwanza, wakaweza kukataa wasichokitaka.

Ndugu zetu wa mashirika, fomu ya ridhaa tunasaini, sawa. Tunaomba jioni moja tu, shuka jeupe na projekta, tuone mlichopiga kabla gari halijaondoka, na anayesema "hapo kwangu toa" asikilizwe.