Watu Wote na Nishani ya Mtu Mmoja

Tarehe 21 Desemba 2015, karibu na El Wak, watu wenye silaha walilisimamisha basi lililokuwa likitoka Nairobi kwenda Mandera, kaskazini-mashariki ya Kenya, wakawaamuru abiria Waislamu wajitenge na Wakristo. Waislamu walikataa: ama wauawe wote, ama waachwe wote. Walijua wanachokisema, kwani Novemba 2014, huko huko Mandera, abiria 28 walikuwa wametolewa basini wakauawa kwa kuwa si Waislamu. Mwalimu Salah Farah alipigwa risasi, akafariki Januari 2016. Mwaka huo huo Rais Uhuru Kenyatta akamtunuku nishani akiwa kaburini.

Kisa hicho ndicho msingi wa Watu Wote, filamu fupi ya Katja Benrath, Mjerumani, iliyotoka mwaka 2017 na kuteuliwa kugombea tuzo ya Oscar mwaka 2018. Wahusika wake husema Kiswahili na Kisomali, na jina lake peke yake ni uhakiki wa nishani ile. Dola huheshimu kifua kimoja kimoja. Mle basini, hata hivyo, walikuwamo wanawake waliowavisha mitandio wenzao wasiowajua hata kwa majina.

Fasihi nayo haikosi lawama. Utendi wa pwani umezoea shujaa mmoja, kama Fumo Liyongo. Bara ni vivyo hivyo: katika nchi ya Wamasai, Arash ya Ngorongoro ikiwamo, morani aliyetangulia kumchoma simba mkuki ndiye aliyevikwa manyoya ya shingo ya mnyama yule, na waliomzingira pamoja naye wakabaki nyuma ya sifa yake. Sifa hizo zote zina silaha ndani yake. Abiria wa Mandera walikuwa na ndimi zao na vipande vya kitambaa.

Filamu imelihisi jambo hili, lakini ikateleza. Moyo wake imemkabidhi Jua, mwanamke Mkristo anayewaogopa Waislamu aliozungukwa nao, na wema wa Waislamu hao hupimwa kwa macho yake. Huenda mtazamaji wa Ulaya alihitaji kuingilia mlango huo. Wa Unguja au Lamu hauhitaji. Huyu atatamani kujua aliyevua mtandio aliwaza nini, naye akijua kwamba hila ikigunduliwa yeye ndiye wa kwanza.

Hapo utenzi ungeweza kufika mbali kuliko kamera. Vina vitatu vya kila ubeti ni vya ubeti huo peke yake. Kina cha nne ni cha utenzi mzima, kuanzia mwanzo hadi tamati. Mtunzi angeweza kumpa kila abiria ubeti wake, mwalimu Salah akiwa na wake katikati ya wenziwe, asitangulie wala asibaki nyuma, na wote wakashukia kina kimoja.