Olenguruone kama Chimbuko: Msuko wa Visa katika Vitabu vya Historia kwa Umma

Utangulizi

Vitabu vya historia vinavyoandikiwa msomaji wa kawaida huhakikiwa zaidi na wanahistoria, nao huuliza kama yaliyosemwa ni kweli. Mhakiki wa fasihi ana swali jingine: ukweli huo umesukwaje hata ukasomeka? Makala hii inalichunguza swali hilo kwa kuangalia jinsi Olenguruone, iliyoko kwenye nyanda za juu za Mau katika Nakuru, inavyosawiriwa katika vitabu vya Mau Mau. Tunadai kwamba wepesi wa vitabu hivi hautokani na lugha peke yake, bali na kile tunachokiita msuko wa chimbuko. Na kwamba gharama ya msuko huo huwaangukia wakazi wa mahali panaposimuliwa.

Matukio na Msuko

Muhtasari wa matukio unafahamika. Mwaka 1941 serikali ya kikoloni ilifungua makazi ya Olenguruone kwa ajili ya Wakikuyu, wengi wao wakiwa wameondolewa katika ardhi ya Wamaasai. Serikali iliwahesabu kuwa wapangaji waliopaswa kutii masharti ya kilimo, ufugaji na urithi. Wao walijihesabu kuwa wenye ardhi, waliofidiwa kwa yale waliyonyang'anywa Kiambu. Walikataa masharti hayo. Kiapo ambacho awali kilikuwa cha viongozi na wanachama wa Kikuyu Central Association, hapa walikula wanaume, wanawake na hata watoto. Kufikia mwaka 1950 walikuwa wamefukuzwa, wengi wakapelekwa Yatta, Machakos.

Carl Rosberg na John Nottingham, katika kitabu chao cha 1966, waliupa mgogoro huu uzito mkubwa kama hatua ya kuelekea kiapo cha umma. Tangu hapo Olenguruone imekuwa ngazi ambayo msimulizi huikanyaga akielekea hali ya hatari ya 1952. Ndivyo ilivyo katika kitabu cha Caroline Elkins cha 2005, kilichopata tuzo ya Pulitzer mwaka 2006. Hatuna budi kukiri nguvu ya kitabu hicho, na ya kile cha David Anderson kilichotoka mwaka huohuo. Mwaka 2013 serikali ya Uingereza ilikubali kulipa pauni milioni 19.9 kwa wadai 5,228 walioteswa, na utafiti wa waandishi hawa ulichangia katika kesi hiyo. Ni nadra kwa kitabu cha historia kuwa na matokeo kama hayo.

Hata hivyo, katika msuko wa chimbuko tukio hupewa thamani kwa sababu ya kile litakachokizaa. Miaka tisa ya kulima, kuandika malalamiko, kushitakiwa na kubishana hufinywa ikawa kurasa chache. Kiapo cha wanawake na watoto husomwa kama upanuzi wa harakati tu, ilhali masharti ya urithi na ya mazao yaliugusa moja kwa moja mji wa kila mama. Tabitha Kanogo, katika utafiti wake wa 1987 kuhusu maskwota, anaanzia mwaka 1905, katika kazi na mifugo. Kwa hiyo Olenguruone yake ina watu kabla ya kuwa na maana. Lakini hicho ni kitabu cha wasomi, tena cha Kiingereza.

Wepesi wa Lugha na Wepesi wa Msuko

Fasihi ya Kiswahili ina mfano wa awali wa tatizo hili. Uhuru wa Watumwa cha James Mbotela, kilichotolewa mwaka 1934, kilisomwa shuleni kwa miaka mingi. Kiswahili chake ni chepesi na chenye mvuto. Msuko wake pia ni mwepesi: mtumwa yumo gizani, na ukombozi unamjia kutoka nje, kwa Waingereza na misheni. Watoro waliojikomboa kwa miguu yao na kujenga makazi kama Fuladoyo hawawezi kuwa mashujaa wa msuko wa namna hiyo. Hapa ndipo tunapopaswa kutenganisha mambo mawili. Kurahisisha lugha ni heshima kwa msomaji. Kurahisisha msuko ni kumwamulia.

Katika Olenguruone uamuzi huo si jambo la darasani. Mwaka 1992, na tena 2007 na 2008, watu waliuawa na kufukuzwa makwao katika eneo hilo na jirani zake, Molo na Kuresoi, na swali la nani ni mwenyeji lilikuwa miongoni mwa silaha. Pahali kama hapo, neno chimbuko husomwa kama hati ya shamba. Wamaasai, Waogiek na Wakipsigis hubaki kuwa mandhari katika hadithi ambayo mhusika wake mkuu ameteuliwa tayari. Nao wana mianzo yao: mwaka 2017 Mahakama ya Afrika kule Arusha iliamua kwamba Kenya ilikiuka haki za Waogiek katika msitu wa Mau.

Yawezekana kujibiwa kwamba kitabu cha umma hakiwezi kusomeka bila uti wa mgongo. Tunakubali. Lakini uti huo waweza kuwa mahali. Msimulizi asiyeifunga sura yake mwaka 1950 atalazimika kueleza ni nani waliingia, nani walirejea, na nani walifukuzwa tena mwaka 1992. Msuko huo una mvutano wa kutosha, na haumpi jirani yeyote nafasi ya kuwa mwanzo wa kila kitu.

Hitimisho

Kitabu cha namna hiyo kingefaa kuandikwa kwa Kiswahili, lugha ambayo majirani hao hukutania sokoni. Lugha yenyewe haijashindwa: P. M. Kareithi alisimulia vita vya Mau Mau katika Kaburi Bila Msalaba mwaka 1969. Kinachokosekana ni mwandishi atakayemwamini msomaji wa kawaida kwamba aweza kubeba hadithi yenye mianzo mingi. Msomaji wa Olenguruone ameishi ndani ya hadithi hiyo, hatashindwa kuisoma.